Asubuhi ya baiskeli na mikeka katika vijiji vya Hội An

Mama mkwe wangu ni mshonaji wa mikeka. Kwao Pemba ukili wake unajulikana kabla hujaambiwa umesukwa na nani. Kwa hiyo mimi na wifi yangu tulipopanga safari ya Vietnam mwezi wa Machi, hatukuhangaika kutafuta ufukwe, maana fukwe tunazo. Tuliomba matembezi ya baiskeli yanayopita kwenye vijiji vya mafundi, na sharti letu lilikuwa moja: lazima kuwe na kijiji cha mikeka. Tulipata kampuni ndogo pale Hội An, tukalipa dola 35 kila mmoja, kuanzia saa mbili asubuhi hadi saa saba na nusu mchana, na chakula ndani yake. Naipa nyota nne kati ya tano. Hiyo moja niliyoizuia nitaieleza.

Hội An iko katikati ya Vietnam, kama kilomita 30 kusini ya uwanja wa ndege wa Đà Nẵng. Ni bandari ya zamani, ilifanya biashara na Wachina na Wajapani, na mji wake mkongwe uliingia kwenye orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO mwaka 1999, mwaka mmoja kabla ya Mji Mkongwe wetu. Ukitembea mule ndani unaelewa kwa nini watu wengi hawatoki nje ya vichochoro vyake. Lakini mbao za zile nyumba zilichongwa ng'ambo ya mto Thu Bồn, kwenye kisiwa cha Cẩm Kim, na huko ndiko tulikoelekea.

Baiskeli zilipakiwa kwenye mashua pamoja na sisi, watu tisa kwa jumla. Kiongozi wetu alikuwa binti mzaliwa wa kisiwa hichohicho. Kabla hatujashuka alitufundisha kusalimia, na hapo nikaanza kumpenda. Alisema kwao mtu haitwi "wewe" hivi hivi. Bibi mtu mzima ni *bà*, mwanamke wa rika la shangazi ni *cô*, mwanamume wa rika la baba mdogo ni *chú*, dada mkubwa ni *chị*, na unajitaja na wewe mwenyewe kwa nafasi yako mbele ya huyo unayesema naye. Wazungu waliokuwa kwenye kundi walitaabika kidogo na hesabu hiyo. Mimi na wifi tuliangaliana tu. Tangu hapo kila nyumba tuliyoingia tulitanguliza *chào bà* au *chào cô*, na kila nyumba tukavutiwa viti.

Kituo cha kwanza kilikuwa Kim Bồng, kijiji cha maseremala. Kwenye karakana mzee mmoja alikuwa anachonga ua la yungiyungi kwa patasi nyembamba kama kijiti cha kiberiti, nyundo yake ya mti, na harufu ya maranda ikanirudisha Zanzibar, kwenye karakana za milango ya nakshi. Ningekaa naye saa nzima. Tulipewa dakika kumi, kisha tukaingizwa kwenye duka la vinyago na masanduku, na humo tukakaa dakika arubaini tukiambiwa bei. Hapa ndipo nyota yangu moja ilipoanza kuchakaa. Mtu aliyelipa kuja kuona fundi akionyeshwa rafu za bidhaa muda mrefu kuliko fundi mwenyewe, amepunjwa.

Kando ya mto wanaunda mashua, na pale tulipata nafuu. Kuna za mbao za kuvulia, na kuna *thúng chai*, vyombo vya mviringo kama ungo mkubwa, vilivyosukwa kwa mianzi. Nikamuuliza kiongozi, ungo unaelea vipi? Akatuonyesha kimoja kilichokuwa juani. Fundi hupaka samadi ya ng'ombe, akaisugua mpaka iingie kwenye kila tundu la msuko, ikikauka anapaka utomvu wa mti, tabaka juu ya tabaka. Nilikigusa. Nje ni kigumu na kinang'aa, ndani bado unaona mianzi. Sisi majahazi tunayatia kalafati kwa pamba na mafuta, wao wameona samadi inawatosha, na kazi ni ileile ya kuzuia maji yasipite. Kiongozi alitueleza pia masimulizi ya wenyeji, kwamba vyombo hivi vilienea wakati wa ukoloni wa Mfaransa kwa sababu mashua ilitozwa kodi na kapu halikutozwa.

Kutoka hapo ni njia nyembamba za saruji kati ya mashamba ya mpunga. Mwezi wa Machi mpunga ni kijani kibichi, umefika gotini, na upepo ukipita unauona unavyotembea juu yake. Ardhi ni tambarare kabisa, kwa hiyo hata baiskeli isiyo na gia inatosha. Jumla tulizunguka kama kilomita 20 na sikuchoka. Baiskeli zenyewe zilikuwa za kawaida zenye kapu mbele, lakini breki ya nyuma ya wifi ilikuwa imelegea toka mwanzo. Kiongozi aliikaza kwa spana njiani, na tukaendelea bila tatizo, ila jambo hilo lilitakiwa kukaguliwa kabla hatujapanda mashuani. Kwa wanawake wenzangu wanaovaa baibui: liacheni hotelini. Vaeni suruali pana na gauni linaloishia magotini, na ushungi ubanwe vizuri, kwa sababu cheni nyingine hazina kifuniko.

Tulipofika upande wa Duy Vinh, kwenye kijiji cha mikeka kiitwacho Bàn Thạch, tuliona kwanza rangi. Mafungu ya magugu ya kinamasi, wao wanaita *cói*, yametandazwa juani kandokando ya njia: mekundu, ya manjano, ya kijani, na mengine rangi yake ya asili. Magugu hukatwa, yakapasuliwa, yakaanikwa, kisha yanayotakiwa kupakwa rangi yanachemshwa kwenye mapipa.

Sisi mkeka tunausuka ukili, halafu kili zinashonwa pamoja. Wao wanaufuma. Kitanda chao cha mfumi kiko chini kabisa, kiasi cha shubiri moja kutoka sakafuni, nyuzi za mtande zimevutwa kutoka upande huu wa chumba hadi ule. Wanawake wawili wanafanya kazi pamoja. Mmoja, *bà* mwenye umri wa mama mkwe wangu, anakaa juu ya ubao, na sehemu ya mkeka iliyokwisha iko chini yake. Mkononi ana gogo zito lenye matundu ambamo nyuzi zote zimepita. Akilipindua mbele, nyuzi zinaachana. Hapo hapo mwenzake aliyekaa ubavuni anachukua unyasi mmoja, anaunasa kwenye ncha ya ufito mrefu, na kuupitisha kati ya nyuzi mpaka upande wa pili. Ufito unarudi mtupu. *Bà* anavuta gogo, pa! anaukaza mshindio, anakunja ncha kwa kidole gumba, anapindua gogo nyuma, na ufito uko njiani tena. Hawasemi neno. Hesabu ya rangi iko kichwani: mistari miwili mekundu, mmoja wa kijani, ua katikati.

Wifi alipiga magoti akauliza kama anaweza kushika ufito. Alijaribu mara kadhaa, unyasi ukawa unadondoka katikati ya safari, mpaka yule mama wa ubavuni akamgeuzia kiwiko kidogo, ukapita. Kisha mimi nikatoa simu nikamwonyesha *bà* picha ya mama mkwe akiwa barazani na chane za ukindu mapajani. Akaacha gogo. Akaikuza picha kwa vidole viwili, akaangalia mikono, si uso. Akauliza kitu, kiongozi akatufasiria: anasuka peke yake? Nikasema ndiyo, peke yake, na mkeka mmoja unaweza kumchukua wiki. Akatikisa kichwa pole pole, akampa mwenzake naye aangalie.

Tulikuwa pale dakika ishirini tu, na kundi likaitwa kuondoka. Ndio nyota yangu hiyo. Dakika arubaini dukani na ishirini kwa *bà*. Nikitazama mpangilio wao upya, ningeomba wazibadilishe tu mahali.

Kwenye nyumba ya pombe kali ya mchele mimi na wifi tulibaki nje kivulini, na kiongozi hakutusumbua kwa hilo. Alitueleza tu kwamba wali unavundikwa kwa hamira, unachemshwa kwa kuni na mvuke wake kukusanywa, na machicha yanayobaki wanalishwa nguruwe.

Nyumba iliyofuata ilitufurahisha zaidi. Ni ya *bánh tráng*, nami nitaiita manda ya mchele, maana ndiyo ilivyo. Mchele unalowekwa usiku, unasagwa na maji mpaka uwe uji mwepesi. Kwenye chungu cha maji yanayochemka wamefunga kitambaa kikakazika kama ngoma. Mama mwenye nyumba anateka upawa mmoja, anaumwaga katikati na kuuzungusha kwa kitako cha upawa mpaka ukingoni, anafunika kawa, na muda wa kuvuta pumzi mara chache tu manda imeiva. Anaiinua kwa kijiti bapa cha mwanzi na kuilaza kwenye uchaga wa mianzi ikauke juani. Moto wake ni wa pumba za mpunga. Manda yangu ya kwanza ilichanika. Akanishika kifundo cha mkono, tukainua pamoja, ya pili ikatoka nzima. Wakatukaribisha kula: manda laini inawekwa juu ya manda kavu iliyochomwa, unaipiga kwa kiganja ikavunjika, unachovya kwenye mchuzi wa dagaa waliovundikwa. Inaitwa *bánh đập*, na hilo *đập* maana yake ni kupiga.

Chakula cha mchana kilikuwa nyumbani kwa familia moja. Nilikuwa nimeandika wakati wa kulipia, kwa maneno wazi, kwamba hatuli nguruwe. Ujumbe haukufika jikoni. Sahani ya *bánh xèo* ilipokuja, chapati za manjano zenye bizari zilizokunjwa kati, ndani kulikuwa na kamba, na vipande vya nyama ya nguruwe pia. Kiongozi aliona aibu, akaomba radhi kwa dhati. Bibi wa nyumba alisikiliza, akaenda kuosha kikaango kingine, akafungua chupa mpya ya mafuta ya mboga mbele yetu, akatukaangia zetu kwa kamba na machipukizi ya choroko tu. Zilikuwa tamu. Unaikata, unaifunga kwenye manda pamoja na majani mengi mabichi, unachovya. Majani yale yanatoka Trà Quế, kijiji cha wakulima wa mboga ng'ambo ya pili ya mji, wanaorutubisha matuta yao kwa magugu ya majini wanayoyavua mtoni.

Muislamu anayekwenda aandike mapema, akumbushe asubuhi, na ajifunze kusema mwenyewe *không ăn thịt heo*, yaani sili nyama ya nguruwe. Aulize pia mafuta ya kukaangia, maana *mỡ heo*, yaani mafuta ya nguruwe, hutumika. Hata *cao lầu*, tambi nene ambazo mji huu unajivunia, kwa kawaida huja na nguruwe juu. Na msiende Oktoba wala Novemba, miezi ambayo mto Thu Bồn hufurika. Kwenye ukuta wa nyumba ile tuliyolia palikuwa na alama za maji ya miaka tofauti, na moja ilikuwa juu ya kichwa changu.

Mkeka tulinunua kwa *bà*, ule wa mistari mekundu na kijani. Tuliuviringisha, tukaufunga kamba, ukasafiri nasi kama mzigo wa mkononi bila mtu kuuliza. Tulipofika kwa mama mkwe hakuutandika kwanza. Aliugeuza nyuma, akapitisha kidole kwenye pindo kutoka mwanzo hadi mwisho, akaukunja kona na kuukunjua.

"Huyu hakati ncha," alisema. "Anazirudisha ndani."

Akaniuliza kama nilimwona akifanya. Nikamwambia ndiyo, kwa kidole gumba, kila mshindio. Akasema nimwonyeshe, nikakaa chini nikajaribu.