Zahanati au huduma ya mkoba: mtoto achanjwe wapi?

Huku milimani Kilolo, mkoani Iringa, mama mwenye kichanga cha wiki 6 ana njia mbili: ateremke hadi zahanati, au awasubiri wahudumu waje kijijini na boksi lao la baridi. Hiyo ya pili ndiyo huduma ya mkoba.

Mkoba una raha yake. Masika, udongo mwekundu ukishateleza, nani anatamani kushuka na mtoto mgongoni? Lakini ratiba haingoji barabara ikauke. Wiki ya 6, 10 na 14 ni chanjo ya pentavalenti (moja inayokinga magonjwa matano), ya nimonia na ya polio. Miezi 9 na 18 ni surua-rubela. Pikipiki ya mhudumu ikikwama, tarehe imepita.

Zahanati ina jokofu la kutunzia chanjo, nyuzi joto 2 hadi 8. Ila ina vituko vyake: chupa ya surua ina dozi za watoto kadhaa, na ikishafunguliwa haikai zaidi ya muda wa saa 6, inatupwa, kwa hiyo utaambiwa, "Mama, subiri wenzako wafike." Nimesubiri hivyo hadi kitenge kikalowa.



Mimi dozi za mwanzo nazifuata zahanati, hata kwa miguu. Mkoba nauachia ya miezi 18, ambayo wengi tunaisahau maana mtoto keshaanza kufukuza kuku.