Dola 30 kwenda kumwangalia Thomas Cromwell, inalipa au hailipi?

Wadau, wikiendi iliyopita nilienda Frick Collection pale New York, ile nyumba ya tajiri wa chuma Henry Clay Frick iliyogeuzwa makumbusho ya picha, iko 1 East 70th Street, ukipanda treni namba 6 unashuka 68th Street unatembea kidogo tu unaiona Central Park hiyo hapo. Tiketi ya mtu mzima dola 30. Mdogo wangu akaguna, dola 30 kuangalia picha za wazungu waliokufa zamani si bora tukale nyama choma, nikamwambia twende nalipa mimi, maana nilikuwa namfuata mtu mmoja tu.

Thomas Cromwell. Kwa wasiomjua, huyu ndo alikuwa mtu wa kazi wa Henry VIII, yule mfalme wa Uingereza wa wake sita. Baba yake mhunzi wa Putney na pombe akiuza, jamaa akaondoka kwao bado kijana akazunguka Italia na Antwerp huko, akarudi anajua biashara, sheria na lugha za watu, akaajiriwa na Kadinali Wolsey, waziri mkubwa wa mfalme, halafu Wolsey alipoanguka yeye hakuanguka naye, hapo ndo ujanja ulipo, akahamia kwa mfalme mwenyewe. 1532 mtunza vito vya mfalme, 1534 katibu wake mkuu, 1536 mtunza muhuri. Mtoto wa mhunzi bwana!

Sasa ingia chumba wanachokiita Living Hall. Kuna meko ukutani, juu yake picha ya Mtakatifu Jerome ya mchoraji El Greco, kushoto Thomas More, aliyewahi kuwa kansela wa Henry, kulia Cromwell, hao wawili kawachora mchoraji Holbein aliyewajua wote na WANAANGALIANA. Frick alimnunua More 1912, Cromwell 1915, akawatundika hivyo, na mimi siamini kama ni bahati mbaya. More alikatwa kichwa Julai 1535 kwa kugoma kumkubali mfalme kuwa mkuu wa kanisa, na aliyekuwa anamhoji mle gerezani, Tower ya London, ni huyu huyu wa kulia. Miaka mitano mbele, 28 Julai 1540, kichwa cha Cromwell nacho kikaenda, miezi mitatu tu tangu apewe ulodi wa Essex, na siku hiyo hiyo mfalme anaoa mke mwingine. Aisee. Kosa lake kubwa watu wanasema ni kumtafutia mfalme mchumba wa Kijerumani, Anne wa Cleves, mfalme akamwona akasema huyu hapana. Ushenga ni kazi ya hatari jamani.

Nilisimama pale karibu saa nzima. More kachorwa kwa mapenzi, mikono ya velveti nyekundu unatamani kuigusa, mkufu wa dhahabu, hadi vindevu vya kutonyoa vinaonekana kidevuni. Cromwell kawekwa mbali, kajibana nyuma ya meza, macho madogo, mdomo umefungwa, karatasi kaikamata mkononi. Unamjua yule karani wa masijala unamletea faili anakwambia rudi kesho? Ndo yeye. Mezani kuna kitabu cha sala kizuri sana, 2023 watafiti walitangaza kwamba kitabu chenyewe bado kipo, kiko Trinity College, Cambridge.

Ila hapa ndo nabishana na Holbein. Alipofika Uingereza mara ya kwanza More ndo alimpokea nyumbani, lazima amchore vizuri! Ukimwangalia More unasema huyu mtakatifu, kumbe alipokuwa kansela kuna watu walichomwa moto kwa ajili ya imani yao na yeye aliona sawa kabisa. Sisemi Cromwell ni malaika, alifunga monasteri kama 800 hivi na mali ikaenda kwa mfalme, na kuna maabati, wale wakuu wa monasteri, walinyongwa. Lakini 1538 yeye ndo aliagiza kila parokia iwe na kitabu cha kuandika ubatizo, ndoa na maziko. Sasa bibi yangu alibatizwa Magila, Muheza, kanisa la Anglikana, lile lile lililotoka Uingereza, na tulipokuwa tunahangaika na karatasi za familia kitu pekee kilichoonyesha umri wake ni mstari mmoja kwenye kitabu cha kanisa. Nikamwambia mdogo wangu pale pale, ule mstari wa bibi chanzo chake ni huyu mzee mwenye sura ya kukunyima mkopo. Akamwangalia tena. Nyama choma akaacha kuisema.

Mengine kwa haraka: watoto chini ya miaka 10 hawaingii kwahiyo tafuta wa kukuachia mtoto, na simu weka mfukoni kwenye vyumba vya picha. Ghorofa ya juu imefunguliwa kwa wageni tangu 2025 walipomaliza ukarabati, nzuri, ila mimi nilipanda nikashuka haraka kurudi kwa watu wangu.

Nyota tano kwa nyumba, nne kwa Holbein sababu ya upendeleo. Tulirudi na kadi mbili za posta, More na Cromwell, nikazibandika kwenye friji, kesho yake ndo naona nimekosea, Cromwell nimemweka kushoto, sasa wamepeana mgongo. Nimewaacha hivyo hivyo.