"L'Inferno" ya 1911: Utenzi wa Dante Bila Sauti

Kuugeuza utenzi kuwa filamu isiyo na sauti ni kuuvua kwanza vina, mizani na pumzi ya mghani, kisha kuutaka uendelee kusisimua. Kampuni ya Milano Films ya Italia ilijaribu jambo hilo mwaka 1911 kwa "L'Inferno", yaani Jehanamu, iliyotokana na utenzi ambamo mshairi Mwitaliano Dante anajisimulia akizuru jehanamu. Nimeitazama katika toleo lililokarabatiwa. Waongozaji wake watatu, Francesco Bertolini, Adolfo Padovan na Giuseppe de Liguoro, walikuwa na busara ya kutong'ang'ania beti za Dante. Walizifuata picha ambazo mchoraji Mfaransa Gustave Doré aliuchorea utenzi huo na kuzichapisha mwaka 1861.

Uamuzi huo unalipa kila mahali ambapo Dante anaona. Wapenzi wanaopeperushwa na tufani wamepatikana kwa kupiga picha mara mbili juu ya mkanda mmoja. Mshairi Bertran de Born, mchochezi wa fitina, anakuja akikinyanyua kichwa chake kilichokatwa. Na Lusifa, jitu lisilo na haraka, anamtafuna msaliti ambaye miguu yake inaning'inia mdomoni. Ujanja wa kamera unaonekana wazi, nao haukunipunguzia hofu hata kidogo. Kamera yenyewe haisogei kwa sehemu kubwa, jambo ambalo wengi watalihesabu kuwa udhaifu, ingawa mimi lilinipa nafasi ya kuikagua kila picha kama ukurasa wa Doré.

Tatizo linaanza Dante anaposikiliza. Katika utenzi, Francesca, mmoja wa wapenzi wale wa tufani, anasimulia mapenzi yake mwenyewe, akaishia kusema tu kwamba siku ile yeye na mpenzi wake hawakuendelea kusoma kitabu walichokuwa wakikisoma pamoja, na lile alilolinyamazia ndilo linalomwangusha Dante kwa huruma. Filamu inaturudisha nyuma na kutuonyesha kisa chenyewe, hivyo hakuna kilichobaki kufichwa. Kadi za maandishi nazo hutangulia kueleza tukio kabla halijaonekana, desturi ya enzi ile inayoua taharuki.

Muziki wa kielektroniki ulioongezwa katika toleo nililolitazama una waimbaji, na maneno yao yanagombana na kadi. Ni afadhali kuzima sauti.

Ninaipendekeza kwa aliyekwisha kuusoma utenzi, kwa kuwa asiyeusoma ataona msururu wa mateso bila kufahamu kwa nini kila mkosaji amepewa adhabu inayofanana na kosa lake.