Nyangumi wa Pico: tiketi ya kununua kwanza na za kuacha

Bandari ya Lajes do Pico ni ndogo. Iko upande wa kusini wa kisiwa cha Pico, huko Azores, visiwa vya Ureno katikati ya Atlantiki, na kila kibanda cha tiketi kimebandika picha ileile ya mkia wa nyangumi ukizama. Bei nazo zinakaribiana: safari ya nusu siku, yaani saa tatu hivi baharini, kwa kawaida ni kati ya euro 60 na 80 kwa mtu mzima. Ukichagua kwa uzuri wa picha au kwa punguzo la euro tano, umecheza bahati nasibu. Kitu unacholipia hasa hakiko majini. Kiko kilimani, kwenye kibanda chenye uwazi mwembamba unaotazama bahari, ambamo mtu ameketi tangu asubuhi na darubini kubwa mbele yake.

Wenyeji humwita vigia. Enzi za uwindaji ndiye aliyeamsha kisiwa: akiona pumzi ya nyangumi ikiruka juu ya maji, alirusha fataki, na mkulima akaacha jembe, mwashi akaacha ukuta, wote wakatimua mbio kwenda kushusha mashua. Siku hizi vibanda kadhaa vya namna hiyo vingali kazini, ila aliye ndani hushika redio na kumwelekeza nahodha: nenda kusini, maili mbili, wako watatu. Boti isiyo na mtu kilimani huzunguka ikibahatisha, au hudandia habari za wenzake na kufika mnyama akishazama.

Kwa hiyo kabla ya kuuliza bei, uliza: vigia wenu yuko wapi, na leo yuko kazini? Kampuni inayojiweza hujibu papo hapo na hata kukuonyesha kilima kwa kidole. Ukiona muuzaji anaanza kukusimulia ukubwa wa injini, mshukuru na usogee kibanda cha pili.

Nafasi ya kwanza naipa boti ya mpira, safari ya nusu siku, kutoka Lajes hapohapo. Sababu iko chini ya maji. Pico ni mlima wa volkano wenye urefu wa mita 2,351, mrefu kuliko yote Ureno, na mteremko wake hauishii ufukweni. Kilomita chache tu kutoka nchi kavu kina cha bahari kinapita mita elfu moja, na huko ndiko ngisi waliko. Ngisi ndio chakula cha kashaloti, yule nyangumi mwenye kichwa kikubwa kama sanduku. Kwa sababu hiyo watu wa kisiwa hiki waliweza kuwinda kwa mashua za makasia wakirudi nyumbani jioni, na kwa sababu hiyohiyo wewe huhitaji kusafiri nusu ya siku kabla ya kuona kitu.

Boti ya mpira ina faida ya mwendo. Kashaloti huzama kwa dakika 45 hivi, kisha huja juu kuvuta pumzi kwa dakika nane au kumi kabla ya kuzama tena. Boti nzito ikiitwa kwa redio ikiwa mbali, hukuta povu. Ile ya mpira hufika, halafu hupunguza moto na kusogea taratibu, kwa kuwa kanuni za Azores haziruhusu kumkaribia nyangumi chini ya mita 50. Kampuni nzuri hubeba pia hidrofoni, kinasa sauti cha kuteremshwa majini, na ukisikia mlio wake wa ta-ta-ta-ta kutoka kilindini unajua yuko chini yenu anawinda. Jifunze kutambua pumzi yake: hairuki wima, huruka kwa mshazari, mbele na upande wa kushoto. Mgongo ukijikunja na mkia ukaanza kuinuka, shika kamera, maana baada ya hapo ni kusubiri.

Huyu ndiye mnyama mwenye ambari, ile nta ya manukato itokayo tumboni mwake, iliyokuwa ikiokotwa kwenye fukwe zetu na kuuzwa Uarabuni tangu zamani za majahazi. Wengi tunaijua ambari dukani bila kuwahi kumwona mwenyewe.

Jambo la pili linaloipa Lajes nafasi ya kwanza ni kwamba historia iko hatua chache kutoka gatini. Museu dos Baleeiros, jumba la makumbusho ya wawindaji nyangumi, limo ndani ya mabanda matatu ya karne ya 19 ambamo mashua zenyewe zilihifadhiwa. Meli za Marekani zilianza kutia nanga Azores katika karne ya 18 kutafuta maji, chakula na mabaharia. Vijana wa visiwani walipanda, wakajifunza kazi, na waliorudi wakaanza kuwinda kutoka nyumbani kwa mashua za mtindo wa New England. Mashua hiyo, ndefu na nyembamba, ilibeba watu saba: mpiga chusa mbele, mshika usukani nyuma, wavuta makasia kati. Zilikuja motaboti za kuzikokota hadi mawindoni, lakini chusa iliendelea kurushwa kwa mkono mpaka mwisho wa uwindaji. Na mwisho huo si wa juzi za mababu. Kashaloti wa mwisho aliuawa mwaka 1987. Wazee waliokuwa kwenye mashua hizo wakiwa vijana bado wako kisiwani.

Ushauri wangu: nunua safari ya asubuhi, makumbusho uyaache mchana. Kwanza, bahari ikichafuka asubuhi unaweza kuhamishiwa safari ya baadaye, lakini ukiwa umelipia ile ya mwisho wa siku huna pa kuhamia. Pili, chusa iliyotundikwa ukutani haikuambii mengi mpaka uwe umekaa kwenye chombo kidogo karibu na mnyama wa mita kumi na moja anayepumua. Ukitoka hapo, ule mpini wa mti na ile ncha ya chuma unaviangalia kwa macho mengine.

Nani asinunue boti ya mpira? Mjamzito, mwenye matatizo ya mgongo, na mwenye mtoto mdogo. Inaruka juu ya mawimbi, na kwenye nyingi unakaa kwa kupanda kiti kama abiria wa bodaboda. Choo hakuna. Maji yatakurukia hata jua likiwaka, kwa hiyo koti la mvua ni lazima, na dawa ya kichefuchefu imezwe kabla ya kupanda. Ukishaanza kutapika umechelewa.

Kwa familia, basi, nafasi ya pili: boti kubwa yenye paa, viti na choo. Utaipata kwa urahisi zaidi Ponta Delgada, mji mkubwa kuliko yote Azores, ulio kwenye kisiwa cha São Miguel, au Horta kwenye kisiwa cha Faial kinachotazamana na Pico. Utaona kidogo kutoka juu, jambo ambalo wapiga picha wengine hulipenda, na bibi ataweza kukaa kivulini. Unachopoteza ni ukaribu na mwendo. Mimi ningechagua Horta, kwa kuwa feri ya kwenda Madalena, upande wa Pico, huchukua nusu saa tu, hivyo unaweza kulala upande mmoja na kutembea upande wa pili.

Vifurushi vya siku kadhaa, ambavyo kampuni nyingine huuza pamoja na malazi, vina maana kwa anayekuja kati ya Aprili na mwanzoni mwa Juni. Huo ni msimu wa wapita njia wakubwa: nyangumi bluu, nyangumi wa mapezi na wenzao, wakielekea kaskazini. Siku moja haitoshi kuwategemea. Ukitoka mara tatu nne, uwezekano unapanda sana. Kwa anayekuja Julai au Agosti kifurushi hakina faida hiyo. Kashaloti wapo, hasa majike na watoto wao, bahari imetulia zaidi, na safari moja au mbili zinatosha. Pesa inayobaki kula samaki na unywe mvinyo wa kisiwani, kama unakunywa. Mashamba yake ya mizabibu yaliyozungushiwa kuta za mawe meusi yamo kwenye orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO tangu 2004.

Mwisho kabisa naweka kuogelea na pomboo. Si kwamba ni kitu kibaya, bali watu hukinunua wakidhani ni kutazama nyangumi kwa ziada. Ni safari nyingine kabisa, na kwa kawaida ina bei ya juu zaidi. Kuogelea na nyangumi ni marufuku Azores, hivyo safari hiyo hutafuta pomboo tu, na nyangumi ukimwona ni bahati. Mara nyingi pomboo wenyewe hupita bila kugeuka, wewe ukabaki unaelea na maji baridi puani.

Halafu kuna njia isiyo na tiketi. Nje kidogo ya Lajes kipo kibanda cha Queimada, kituo cha zamani cha vigia. Nenda na darubini yako siku ya utulivu, kaa saa nzima, tazama upeo wa macho polepole kutoka kushoto kwenda kulia. Kwa mwenye bajeti ndogo au tumbo lisilopatana na bahari, hili nalipendekeza kuliko boti kubwa. Usitarajie mkia uliojaa fremu. Utaona pumzi nyeupe ikiruka mbali, na utajua kazi ya yule mtu ina ugumu gani.

Kama utalipia makumbusho mengine baada ya Lajes, ongeza kiwanda cha São Roque, upande wa kaskazini wa Pico. Kilifanya kazi kuanzia miaka ya 1940 hadi 1984, na matanuru na mitungi yake mikubwa ya mvuke imeachwa mahali pake. Humo nyangumi aligeuzwa kuwa mafuta, unga wa mifugo na mbolea. Lajes inakuonyesha ujasiri. São Roque inakuonyesha biashara yenyewe, na bila biashara hiyo hakuna ambaye angehatarisha maisha. Faial kuna kiwanda kingine cha zamani, Porto Pim, kizuri kwa aliye Horta tayari. Pia kuna Peter Café Sport, mkahawa wa mabaharia tangu 1918, wenye chumba cha meno ya kashaloti yaliyochorwa kwa sindano na wino. Ukiweza kuja mwishoni mwa Agosti, Lajes huadhimisha wiki ya wawindaji nyangumi, na mashua za zamani hushindana kwa makasia na tanga bila senti ya kiingilio kwa anayetazama kutoka ukutani.

Kuhusu kufika: Azores ni Ureno, kwa hiyo visa ni ya Schengen. Mwenye kibali cha ukaazi cha nchi ya Schengen haombi kingine, lakini aliye London na pasipoti ya Kenya au Tanzania anaihitaji. Kutoka Boston na Toronto kuna ndege za moja kwa moja hadi Ponta Delgada, kisha unaunganisha kisiwa kwa kisiwa. Pico kodi gari, mabasi ni machache. Na kama haja yako ni kumwona nyangumi tu, bila historia hii, na uko Afrika Mashariki, usivuke bahari mbili: kati ya Julai na Septemba nyangumi wa nundu hupita pwani ya Kenya, na boti hutoka Watamu.

Kabla ya kulipa, soma sharti la hali ya hewa. Inayokubalika ni hii: wakiahirisha wao, unarudishiwa pesa zote au unapewa siku nyingine, uchaguzi ukiwa wako. Kampuni nyingine hutoa safari ya bure msipoona nyangumi wala pomboo. Ahadi hiyo isikuvute sana, maana pomboo huonekana karibu kila siku, na akionekana mmoja deni limelipwa.

Dukani, usinunue jino la nyangumi lililochorwa hata uambiwe ni la zamani na lina karatasi. Kashaloti yumo kwenye orodha ya kwanza ya CITES, mkataba wa kimataifa unaodhibiti biashara ya wanyama na mimea iliyo hatarini, na zawadi hiyo inaweza kukwama forodhani, pamoja nawe. Wachongaji wa visiwani wanachora pia kwenye mfupa wa ng'ombe. Ulizia hiyo, na uombe risiti iliyoandika ni mfupa gani.