Choshi Dentetsu: treni inayolishwa na biskuti

Wakuu, kama upo Tokyo na una siku huna kazi, panda Shiosai (treni ya haraka) mpaka Choshi, mji wa pwani mkoa wa Chiba, ni kama masaa mawili hivi. Ukishuka usitoke nje, tembea mpaka mwisho wa platifomu hiyo hiyo, utakuta kitreni cha mabehewa mawili kimepaki kinakusubiri, ndo Choshi Dentetsu yenyewe, kampuni ndogo ya reli ya hapo.

Reli nzima ni kilomita 6.4, stesheni 10, unafika mwisho Tokawa kabla hata usingizi haujakukolea. Treni niliyopanda ni mtumba wa mtumba, ilianza maisha kampuni ya reli ya Keio ya Tokyo, ikauzwa kwa kampuni ya Iyo kule Matsuyama, uzeeni ndo ikaletwa hapa, ikikata kona inalia yote. Kondakta anapita mwenyewe kukatisha tiketi, we chukua ya siku nzima maana utashuka shuka sana, na beba keshi.

Sasa hawa jamaa abiria hawatoshi kabisa, wanaishi kwa biskuti. Ni nure-senbei, za mchele, zimelowekwa kwenye soya sosi mpaka zikalainika (Choshi ni mji wa soya, kiwanda cha Yamasa kipo jirani na stesheni ya Nakanocho). Walianza kuziuza 1995, halafu 2006 hela ya matengenezo ya treni ikakata, wakaandika kwenye tovuti yao jamani tununulieni senbei treni ziendelee kutembea, na watu wakanunua kweli! Mpaka leo chakula kinawaingizia kuliko nauli. 2018 wakaleta na mazui-bo, yaani "kijiti kibaya", eti kwa sababu hali ya kampuni nayo ni mbaya, ila kutafuna kinatafunika vizuri tu. Hadi majina ya stesheni wanauza, Kasagami-Kurohae walipewa wauza shampoo, kibao kikasomeka nywele nyeusi zinaota, nilicheka peke yangu kama chizi.

Senbei yenyewe mara ya kwanza utadhani biskuti imelala nje kwenye mvua. Ya pili unaanza kuielewa. Mimi nilimaliza pakiti kabla ya stesheni ya Inuboh.

Kitu kimoja nisiwafiche, bahari dirishani sahau, utaona nyuma za nyumba za watu, miti na mashamba ya kabichi. Bahari unaifuata kwa miguu, shuka Inuboh, tembea kama dakika 10 mpaka mnara wa taa, uliwashwa 1874 na una ngazi 99, magoti yatakwambia, lakini ule upepo wa juu na Pasifiki yote mbele yako, we acha tu.

Tokawa jengo ni la mbao tangu 1923 na hakuna cha kufanya zaidi ya kukaa kwenye benchi, na nilikaa kweli mpaka treni ikaniacha, ya pili ni kama lisaa baadae, kwahiyo angalia ratiba kwanza. Nyota 4, ya tano nimeinyima kwa ajili ya zile kabichi.