Kushuka Mita 600 kwa Nyambizi ya Idabel, Roatán: Uzoefu Wangu

Idabel ni nyambizi ndogo ya watu watatu, yaani nahodha na abiria wawili, na sijaona chombo kingine kinachomwezesha mtu wa kawaida, asiye mwanasayansi wala tajiri, kuifikia sehemu ya bahari isiyopata jua. Aliyeiunda ni Mmarekani Karl Stanley, katika mji wa Idabel, Oklahoma, uliokipa chombo jina lake, na sasa makao yake ni kisiwa cha Roatán nchini Honduras. Hapo bahari huingia kilindi karibu kabisa na ufuko, kwa hiyo nyambizi huondoka gatini yenyewe bila kuhitaji meli ya kuibeba, na meli hiyo ndiyo inayoyafanya mapato ya watu wengi yasitoshe kwa safari za namna hii kwingineko.

Suala la usalama nililipima kabla ya kulipa, hasa kwa kuwa Juni 2023 nyambizi ya Titan ilipondwa na maji ikielekea kwenye mabaki ya Titanic, na watu wote 5 waliokuwamo wakafa. Kiwiliwili cha Titan kilikuwa cha nyuzi za kaboni, ilhali Idabel ni ya chuma, kitu ambacho wahandisi wamekijua kwa muda mrefu jinsi kinavyohimili kanieneo la maji. Stanley mwenyewe alishuka na Titan huko Bahamas mwaka 2019, akasikia milio ya kupasuka, kisha akamwandikia mkuu wa kampuni iliyomiliki Titan kumwonya. Mtu mwenye sikio la namna hiyo ndiye niliyetaka aongoze chombo nitakachopanda. Hata hivyo, kwa nyambizi yoyote ya mtu binafsi, iwe hii au nyingine, msafiri ana haki ya kuuliza imeshawahi kushuka kina gani, nani ameikagua mbali na muundaji wake, na itapandaje juu umeme ukikatika.

Abiria huketi mbele, mbele ya dirisha kubwa la duara, naye nahodha husimama nyuma yao. Kanieneo la hewa ndani hubaki kama la nchi kavu, kwa hiyo hakuna haja ya kupanda kwa vituo kama wafanyavyo wapiga mbizi. Rangi nyekundu ndiyo hupotea kwanza. Buluu huzidi kukolea, na baada ya mita 200 mwanga uliobaki ni hafifu mno. Kwenye mita 600, ambako maji hukandamiza takriban mara 60 kuliko hewa ya juu, mwombeni nahodha azime taa, kwa maana viumbe wanaojitolea mwanga wao wenyewe huonekana vizuri gizani. Taa zilipowashwa tena tuliona jamaa wa kiti cha pweza (mnyama wa baharini mwenye umbo la nyota) waliosimama kwenye miamba juu ya mashina marefu, mikono yao ikiwa imekunjuliwa dhidi ya mkondo ili kunasa chakula, na kwangu mimi hao peke yao walistahili nauli yote.

Vaeni sweta, kwa sababu chuma hupoa kadiri mnavyoshuka. Hakuna choo, na nafasi ni finyu kiasi kwamba asiyevumilia kufungiwa asijaribu. Mwenye muda na fedha zaidi achague safari ndefu ya kumsubiri papa mwenye matamvua sita.