Matairi mapya ya saizi 195/65R15 kwenye Toyota Premio: uzoefu wangu baada ya mvua za masika

Mwezi wa pili nilifunga matairi manne mapya kwenye Premio ninayosafiria kila mwezi kutoka Dar kwenda Lushoto kumwona mama. Sasa yana kilomita 11,000. Kabla ya hapo nilikuwa mtu wa mtumba, na nilikuwa napima tairi kwa jicho: kashata, yaani vile vinundu vya mpira vinavyogusa barabara, zikiwa ndefu, nalipa.

Yale ya mtumba yalikuwa na kashata nzuri kabisa. Muuzaji aliniambia, "Dada yangu, hizi za Japani, zimetembea kidogo sana, angalia mwenyewe." Niliangalia, nikaona hata vile vinywele vya mpira bado vipo pembeni. Nikalipa 70,000 kwa kila moja.

Januari nilikuwa nateremka kutoka Lushoto, nimeshapita Soni. Jua lilikuwa limewaka wiki kadhaa, na siku hiyo ndiyo mvua ya kwanza ikaanza kudondoka. Wanaoijua barabara ile wanajua: nyembamba, mlima upande mmoja, korongo upande wa pili. Spidi yangu haikufika 50. Kona ikakata kushoto, nikagusa breki, pedali ikaanza kunitetemekea mguuni, trr-trr-trr, na gari likaendelea kunyooka kulia, upande ambao Coaster ilikuwa inapanda. Usukani nimekata, gari halisikii. Dereva wa Coaster alijibana ukingoni akasimama. Mungu ambariki popote alipo. Tulipishana kwa nafasi ya kupenyeza mkono.

Ile mitetemo ni ABS, mfumo wa breki, ikifanya kazi yake. Inazuia magurudumu yasijifunge ili usukani uendelee kufanya kazi, lakini haitengenezi msuguano. Inatumia ule uliopo, na siku hiyo haukuwepo wa kutosha.

Mombo nilisimama kwa mzee mmoja fundi wa matairi. Nikamwamkia, nikamweleza. Hakuangalia kashata hata kidogo. Alisema, "Mwanangu, weka ukucha hapa, minya." Ukucha wangu ulipinda, mpira haukubonyea. Kisha akafuta ubavu wa tairi kwa kitambaa, akanionyesha namba nne mwishoni mwa maandishi ya DOT: 2314. Maana yake limetengenezwa wiki ya 23 ya mwaka 2014. Mawili ya mbele yalikuwa na neno STUDLESS, yaani matairi ya barafu, ambayo Wajapani huyafunga wakati wa baridi kali. Mpira wake hutengenezwa uwe laini kwenye baridi, si kwa joto la Dar, na yale yalikuwa yameshakauka yakawa kama soli ya kiatu cha zamani.

Hapo ndipo nilipoelewa kitu ambacho nimeendesha miaka mingi bila kukijua. Tairi linashika lami kwa sababu mpira laini unajibonyeza ndani ya vishimo vidogo vidogo kati ya kokoto na kung'ang'ania. Mpira ukizeeka unaishia kukaa juu ya ncha tu. Sehemu inayogusa barabara kwa kila tairi ni kama ukubwa wa kiganja, kwa hiyo viganja vinne ndivyo vinavyokushikilia wewe, watoto na mizigo. Kashata kazi yake kubwa ni kupisha maji. Na mvua ya kwanza ndiyo mbaya kuliko zote, kwa sababu vumbi, mafuta ya magari na unga wa matairi vilivyojikusanya juu ya lami hugeuka utelezi kabla havijaoshwa.

Nilipiga hesabu ya fizikia ya shule. Kwa spidi ya kilomita 80 kwa saa, kipimo cha msuguano kikiwa 0.7, kama lami kavu na tairi zima, gari linasimama ndani ya mita 36 tangu breki zishike. Kipimo hicho kikishuka hadi 0.4, zinahitajika mita 63. Hizo mita 27 za nyongeza ni karibu Coaster nne zimepangwa mkia kwa pua.

Mapya yametengenezwa Thailand, na nilipoyanunua yalikuwa hayajatimiza miezi sita. Nilikagua namba ya kila moja kabla ya kulipa, muuzaji akanivumilia. Ubavuni yameandikwa TRACTION A. Daraja hilo linapima breki kwenye njia iliyonyooka iliyolowa, na juu ya A kuna AA. Halipimi kona, kwa hiyo lisikupe kichwa. Bei ilikuwa 185,000 kila moja, na alaimenti na balansi nililipia pembeni. Iliniuma. Siku za mwanzo niliendesha taratibu, kwa sababu tairi jipya huwa na utelezi wa kiwandani mpaka ngozi ya juu ilike.

Aprili nilipita kona ile ile, mvua inamwagika. Nikagusa breki mapema, gari likainamisha pua, likapungua mwendo, likafuata usukani. Pedali ilitulia. Niliposhika lami iliyonyooka nilikuta mikono yangu bado imekaza usukani kwa ile hofu ya Januari.

Kasoro zipo. Kwenye lami ya kokoto kubwa yanavuma mpaka unaongeza sauti ya redio. Kwenye udongo mwekundu wa kupandia kwa mama hayana msaada wowote, ni matairi ya lami tu, naacha gari chini natembea. Na yanataka upepo sahihi. Wajazaji wengi watakuwekea PSI 40 (kipimo cha upepo) bila kuuliza, na tairi likijaa kupita kiasi linagusa kwa katikati tu, kiganja kinapungua. Kibandiko kwenye nguzo ya mlango wa dereva ndicho cha kufuata. Kwangu kinasema 33, na unapima asubuhi tairi likiwa baridi.

Ningeyanunua tena. Spea kwenye buti bado ni mojawapo ya yale ya 2314. Nimeshaweka oda ya jipya, na nitalifunga kabla ya safari ya mwezi ujao.